Aina ya Mti: Dakt. Kirk na Majina ya Mimea Yetu

Muhula uliopita mwanafunzi mmoja wa mwaka wa pili alibisha mlango wa ofisi yangu akiwa amekumbatia kamusi. Alikuwa ametoka likizoni kwao Kwale, na huko mjomba wa mamake alikuwa amempeleka msituni akamwonyesha mti mrefu ambao, kwa maneno ya mzee huyo, uliwalisha watu wa pwani kabla ya reli kuja. Jina lake ni msandarusi. Kijana aliifungua kamusi mezani pangu akanisomea: msandarusi ni aina ya mti utoao sandarusi. Akafunua kurasa za mbele: sandarusi ni utomvu wa msandarusi. Kisha akaifunga kamusi, akanitazama kwa adabu ya mtu anayemtega mkubwa wake.

"Mwalimu," akauliza, "sasa mtu asiyeujua mti huu ataingilia wapi katika duara hili?"

Sikuwa na jibu, na aibu yangu ilikuwa na sababu. Nilitumia miaka minne ya shahada ya uzamifu nikichunguza ngeli ya M-MI, ile ambayo walimu wetu wa shule ya msingi walituambia kuwa ni ngeli ya miti. Naweza kukueleza, msomaji mpendwa, kwa nini tunasema mkarafuu na karafuu, mnazi na nazi, mwembe na embe. Naweza kukuandikia upatanisho wake wa kisarufi nikiwa nimefumba macho. Lakini ukinipeleka milima ya Shimba ukanisimamisha chini ya msandarusi wenyewe, nitaupita kama ninavyoipita nguzo ya simu. Nyanya yangu aliijua miti kwa majani, kwa harufu na kwa maradhi inayotibu. Nami nilipokuwa nikimtembelea na kinasasauti changu, nilikuwa nikimwomba aitaje kwa umoja na wingi. Amekwishafariki. Kanda ninazo, zina majina tele, na mengi kati yake siwezi kukuonyesha ni ya mimea gani.

Katika kumtafutia kijana yule jibu niliangukia kwa mtu ambaye sikumtarajia, yaani John Kirk. Wanafunzi wa historia humjua kama balozi wa Uingereza mjini Unguja aliyehusika na kufungwa kwa soko la watumwa mnamo 1873. Wapenzi wa wanyama humkuta katika jina la kisayansi la digidigi wa mbuga zetu, na katika lile la kima punju, tumbili mwekundu wa Unguja. Wachache hukumbuka kwamba mtu huyu alikuwa kwanza daktari na mtaalamu wa mimea, na kwamba swali la mwanafunzi wangu kuhusu sandarusi yeye alikuwa ameliuliza, na kulijibu, kabla ya mwaka 1870 kumalizika.

Kirk alizaliwa tarehe 19 Desemba 1832 katika kijiji cha Barry, mashariki mwa Uskochi, mwana wa kasisi. Alisomea udaktari katika Chuo Kikuu cha Edinburgh akahitimu mwaka 1854. Huenda msomaji wa leo akashangaa jinsi mtu mmoja alivyoweza kuwa mpasuaji na mwanabotania kwa pamoja. Katika zama hizo hakukuwa na ajabu yoyote. Dawa nyingi zilitokana na mimea, na mwanafunzi wa udaktari alifundishwa elimu ya mimea kama alivyofundishwa mifupa ya mwili. Daktari asiyeweza kutofautisha jani moja na jingine alikuwa hatari kwa mgonjwa wake. Nasi tunalo neno linaloyaunganisha mambo hayo mawili bila jasho, neno mitishamba, ijapokuwa siku hizi hulitamka kwa dharau yule aliyevaa koti jeupe, na kwa kunong'ona yule anayekwenda kuitafuta usiku.

Mwaka 1855, wakati wa vita vya Krimea, Kirk alifanya kazi katika hospitali ya Waingereza huko Renkioi, kando ya mlango-bahari wa Dardanelles. Aliporudi, wakuu wa bustani ya mimea ya Kew, London, walimpendekeza kwa David Livingstone, aliyekuwa akiandaa msafara wa mto Zambezi. Machi 1858 wakang'oa nanga Liverpool. Kirk aliajiriwa kuwa tabibu wa msafara na mtaalamu wake wa mimea.

Msafara huo ulikuwa na taabu nyingi. Livingstone alikuwa ameiahidi serikali yake njia ya maji ya kupandia hadi katikati ya bara. Badala yake walikuta maporomoko ya Kebrabasa, ambako leo pana bwawa la Cahora Bassa nchini Msumbiji. Wazungu waligombana, wengine wakafukuzwa, wengine wakafa kwa homa. Kirk ndiye aliyekuwa akiwauguza. Aprili 1862 alikuwa Shupanga wakati Mary, mkewe Livingstone, alipofariki dunia. Kabla ya hapo, mwaka 1860, mtumbwi wake ulipinduka katika maji ya kasi ya Kebrabasa, naye akapoteza madaftari na michoro yake ya mimea, kazi ya miezi na miezi. Alipanda ukingoni maji yakimtiririka, akaanza upya. Mimi, ambaye tarakilishi iliwahi kunimezea sura moja ya tasnifu nikalala siku mbili bila kula, humwonea Kirk huruma mahali hapo kuliko kwingineko kote.

Ni katika safari hiyo ndipo kilipotokea kisa cha mswaki, ambacho walimu wa famakolojia hupenda kukisimulia. Katika bonde la mto Shire, wawindaji walipaka mishale yao sumu waliyoiita kombe. Mnyama aliyechomwa hakwenda mbali. Kirk alikuwa na shauku ya kuujua mmea wenyewe, akatafuta, akaonyeshwa: ni mmea unaotambaa, wenye maua ambayo ncha zake zimesokotwa na kuning'inia kama kamba. Akachukua sampuli akaziweka mfukoni, mfuko ule ule uliokuwa na mswaki wake. Asubuhi moja, akisafisha meno, alionja uchungu mkali. Siku hiyo alikuwa na mafua na mapigo ya moyo wake yalikuwa ya haraka. Alipojishika mkono akakuta yameshuka. Mtu wa kawaida angeutupa mswaki, akashukuru Mungu. Kirk alielewa kwamba sumu ile iliugusa moyo.

Mimea hiyo ilifika Uskochi, na huko Edinburgh mtaalamu Thomas Fraser akaichunguza kwa miaka mingi. Mnamo miaka ya 1880 dawa iliyotokana nayo ikaanza kutolewa kwa wagonjwa wa moyo. Ilitumika hospitalini kwa miongo mingi. Mmea wenyewe ulipewa jina la kisayansi na Daniel Oliver wa Kew, naye alifanya jambo moja la insafu: hakuuita kwa jina la Kirk. Aliuita Strophanthus kombe. Neno la mwindaji likaingia katika Kilatini cha wanasayansi na limo hadi leo. Aidha, halikuwa peke yake. Dawa nyingine ya moyo ya jamii iyo hiyo huitwa ouabain, na ukililegeza jina hilo ulimini utalisikia neno la Kisomali la sumu ya mishale, waabaayo. Mwanaisimu akiingia katika duka la dawa lazima atembee polepole.

Hata hivyo, tujiulize. Jina la sumu limehifadhiwa. Jina la aliyemwonyesha Kirk mmea huo je? Tunamjua mwenye mswaki. Tunamjua profesa wa Edinburgh. Mzee wa Shire aliyejua ni mmea gani na ni mbegu zipi zinazosagwa, yeye amebaki kuwa "wenyeji". Siandiki haya kwa hasira. Hata wanaisimu tuna dhambi iyo hiyo: fungua tasnifu nyingi za lahaja zetu, yangu ikiwemo, utakuta msaidizi wa utafiti aliyekaa nasi jua kutwa ameandikwa "mzawa wa lugha, mwanamke, miaka 70."

Kirk alirudi kwao mwaka 1863, na mwaka 1866 akafika Unguja kama tabibu wa ubalozi wa Uingereza. Hakujua kwamba angekaa miaka ishirini. Mji huo ulimfaa mtu wa tabia yake. Kila kilichotoka bara kilipita forodhani: pembe za ndovu, ngozi, mpira, na sandarusi.

Sandarusi ni ule utomvu mgumu wenye rangi ya kaharabu ambao ulaya na Marekani waliuyeyusha kutengenezea vanishi bora ya magari ya farasi na samani. Wafanyabiashara wa Salem, Marekani, waliifuata hadi Unguja tangu miaka ya 1830. Ndio hao hao waliotuletea kitambaa cha pamba ambacho bado tunakiita amerikani. Sandarusi iliyothaminiwa zaidi haikugemwa mtini. Ilichimbwa ardhini huko mrima, mara nyingi mahali ambapo hapakuwa na mti hata mmoja wa aina hiyo. Kwa hiyo palizuka ubishi: Je, ilitoka katika mti uliopotea duniani zamani, au katika msandarusi huu huu unaoonekana? Kirk alifanya kile ambacho mabingwa wa London hawakuweza kukifanya wakiwa vitini. Alichunguza vipande vya kuchimbwa vyenye majani na maua yaliyonaswa ndani, akavilinganisha na mti ulio hai, akathibitisha kwamba ni mti mmoja. Misitu ilikuwa imekufa, utomvu wake ukabaki mchangani. Aliandika matokeo hayo katika jarida la chama cha wanasayansi wa London, na katika maelezo yake akatumia majina ya wachuuzi wenyewe, kwa maana wao walikuwa wamekwisha kuigawanya sandarusi kwa madaraja kabla yeye hajazaliwa: ile ya mtini, ile ya kuchimbwa iliyokomaa, na ile changa iitwayo chakazi. Neno hili la mwisho lina kichekesho chake. Wafanyabiashara wa Kizungu walilisikia chakazi wakaligeuza kuwa neno lao lenye maana ya punda dume, na kwa miaka mingi katika masoko ya London sandarusi changa ya Unguja iliuzwa kwa jina la punda. Mnunuzi lazima alijiuliza mnyama huyo ametoa utomvu kwa njia gani.

Kuhusu mpira, nitamwomba msomaji anivumilie, maana hapa isimu na botania zinakutana uwanjani. Kirk ndiye aliyewatambulisha wanasayansi kwa mmea mmoja utambaao wa pwani, jamaa ya mabungo na vitoria, ambao utomvu wake hutoa mpira wa hali ya juu. Mwanzoni mwa miaka ya 1880 mmea huo ukapewa jina lake, Landolphia kirkii. Watu wa pwani walikuwa wakiukata, wakiuacha utomvu ugande, wengine wakijipaka mikononi ili ukauke, kisha wakiubandua na kuukunja kuwa tonge la kuuza. Kamusi za kale za Kiswahili hulieleza neno mpira kuwa ni mmea, halafu utomvu wake, halafu tufe la kuchezea. Angalia mpangilio huo. Karafuu zilimwacha mkarafuu nyuma, nazi ikaachana na mnazi, lakini mpira uliondoka msituni na kiambishi chake cha mti, ukaingia mjini, ukapigwa teke. Kila mtoto anayeudai mpira katika uwanja wa shule analitamka jina la mmea ambao hakuwahi kuuona. Nilipoyasema haya darasani, wanafunzi walicheka, kisha mmoja akauliza kama ule wa karatasi za nailoni nao ni mti.

Lakini nisimpambe Kirk kupita kipimo. Alikuwa mtumishi wa dola, na mimea kwake ilikuwa elimu na pia bidhaa. Taarifa zake kuhusu mpira na sandarusi zilisomwa London na watu waliotaka kujua Afrika Mashariki ina thamani gani. Biashara ya mpira iliponoga, mimea ilikatwa hovyo hadi shina. Elimu ya daktari haikuulinda mmea uliobeba jina lake.

Katika siasa pia alikuwa na nyuso mbili, na sidhani kwamba alizificha. Alikuwa na usuhuba na Sultan Barghash, aliyetawala tangu 1870 hadi 1888. Aprili 1872 kimbunga kiliangusha mikarafuu mingi ya Unguja, na Sultan akawa katika dhiki. Mwanzoni mwa mwaka uliofuata mjumbe wa Uingereza, Sir Bartle Frere, alikuja kudai mkataba wa kukomesha usafirishaji wa watumwa kwa njia ya bahari. Barghash alikataa. Kirk, aliyekuwa sasa ameukalia ubalozi, alirudi kwake na vitisho vya manowari kukizunguka kisiwa. Mkataba ukatiwa sahihi tarehe 5 Juni 1873, na soko likafungwa. Sikukuu ya Krismasi ya mwaka huo liliwekwa jiwe la msingi la kanisa mahali pale pale, Mkunazini, chini ya uongozi wa Edward Steere, yule yule ambaye kitabu chake cha sarufi ya Kiswahili cha 1870 bado tunakitaja madarasani. Tendo hilo lilikuwa jema, na waliookolewa na majahazi hawakuwa na haja ya kuuliza nia ya manowari. Lakini utumwa wenyewe haukukomeshwa Unguja hadi 1897, na katika pwani yetu ya Kenya hadi 1907. Mashamba ya karafuu yaliendelea kupaliliwa na mikono ile ile.

Kisha mnamo 1885 Wajerumani walipoanza kudai bara, Kirk aliagizwa na London asimtetee Sultan. Rafiki aliyemwambia Barghash kwa miaka mingi kwamba Uingereza ni ngao yake, alilazimika kunyamaza. Aliondoka Unguja mwaka 1886. Novemba mwaka huo Waingereza na Wajerumani wakakubaliana: Sultan aachiwe visiwa na ukanda wa pwani wenye upana wa maili kumi, na sehemu ya bara igawanywe kwa mstari kutoka mto Umba hadi kupita Kilimanjaro. Mstari huo ndio unaotutenga na ndugu zetu wa Tanzania hadi leo. Baadaye Kirk alikaa katika kamati ya London iliyosimamia ujenzi wa reli ya Uganda, na kwa njia hiyo mkono wake ulifika hadi mlangoni pa Nairobi, mji ambao haukuwapo.

Mimi hupenda zaidi kumkumbuka akiwa Mbweni, kusini mwa mji wa Unguja. Huko alikuwa na nyumba na shamba alimootesha mimea ya ng'ambo kwa majaribio, akiandikiana barua na Kew. Jirani yake ilikuwepo shule ya wamishonari ya wasichana waliokombolewa majahazini, wengine wao wakifunzwa kuwa walimu. Kirk alipoondoka, nyumba yake ilinunuliwa na mwalimu mkuu wa shule hiyo, Caroline Thackeray, aliyekuwa ametoka Uingereza kuja kufundisha akabaki huko. Mwalimu kununua nyumba ya balozi! Wenzangu wa chama cha walimu na waisome sentensi hii mara mbili.

Limebaki ua moja. Mwaka 1884 Kirk aliipelekea Kew mmea mdogo wa milima ya pwani, wenye majani ya manyoya. Sampuli haikutosha kuelezwa kisayansi, ikawekwa kabatini. Mwaka 1887 akapeleka mwingine, kutoka sehemu za Giriama na Shimba, kasisi wa Mombasa aitwaye William Taylor. Nao ukawekwa. Mwaka 1892 afisa wa Kijerumani, Walter von Saint Paul-Illaire, akaukuta Usambara karibu na Tanga, akautuma kwao, na mwaka uliofuata ukatangazwa kwa jina la Saintpaulia. Leo ua hilo la zambarau limo katika vyungu vya madirishani duniani kote. Waliotangulia kuliokota hawakupata jina lake, na waliolikanyaga kila siku wakienda kutafuta kuni hawakuulizwa.

Taylor huyo si mgeni kwa wasomaji wa ukurasa huu. Ndiye aliyechapisha methali za Kiswahili mwaka 1891 na kutuhifadhia mashairi ya Muyaka bin Haji. Lakini kila msomi wa Muyaka anajua kwamba Taylor asingeyapata mashairi hayo bila Mwalimu Sikujua bin Abdallah, mwanachuoni wa Mombasa, aliyeyakusanya na kuyafafanua. Hapo ndipo ninapoona tofauti inayoniuma. Mtu yule yule, Taylor, alikusanya mashairi na akakusanya mimea. Katika mashairi tuna jina la Mwalimu Sikujua na tunalitaja kwa heshima. Katika mimea tuna mlima na mwaka. Shairi lilihesabiwa kuwa ni elimu ya mtu. Jina la mti likahesabiwa kuwa ni kitu kilichookotwa njiani, kama jani lenyewe.

Na waliokuja baada yao kutunga kamusi, wengi wakiwa Waswahili na baadhi wakiwa walimu walionifundisha, walirithi mazoea hayo. Wakaandika: aina ya mti, aina ya ndege, aina ya samaki. Naelewa shida zao, kwani karatasi ilikuwa haba na hapakuwa na mwanabotania mezani. Lakini kamusi hiyo ndiyo anayopewa mtoto wa Kwale ambaye mjomba wake bado anaujua mti. Mjomba akifa, mtoto atabaki na duara.

Kirk alifariki mwaka 1922, akiwa na umri wa miaka 89, huko Sevenoaks, kusini mwa London. Alikuwa amepewa hadhi ya Sir na uanachama wa jumuiya kuu ya wanasayansi wa nchi yake. Kuna ukoo mzima wa miti uliopewa jina lake, na mimea mingi ya pwani yetu imebeba neno kirkii mwishoni kama mkia.

Nilimrudia mwanafunzi wangu na zoezi badala ya jibu, desturi ya walimu wanaokwepa. Nilimtaka auandikie msandarusi fasili ambayo mtu wa Turkana angeweza kuitumia kuutambua. Alikwenda Kwale mwishoni mwa juma akarudi na tawi alilolibana katika kurasa za gazeti, na karatasi yenye maandishi haya: "Mti mrefu wa misitu ya pwani. Jani lake ni pacha, vijani viwili katika kikonyo kimoja. Maua meupe. Ganda la tunda ni gumu lenye vinundu. Utomvu wake hugonga na kuwa kama kioo cha manjano. Zamani uliuzwa nje kutengenezea vanishi." Nilisahihisha neno moja tu, "hugonga", likawa "huganda".

Tulilipeleka tawi hilo katika hifadhi ya mimea iliyokaushwa ya makumbusho, Nairobi, likalinganishwe. Kwenye lebo ya kujazwa palikuwa na nafasi ya jina la mmea, mahali, tarehe, na mkusanyaji. Kijana alijaza zote kwa mwandiko wa uangalifu, kisha akainua kalamu.

"Na mjomba, Mwalimu, nimwandike wapi?"

Hapakuwa na nafasi. Nilimwonyesha upande wa chini, karibu na ukingo, akaliandika jina la mzee hapo, lote matatu, kwa herufi ndogo zilizobanana. Mhudumu aliyetupokea aliisoma lebo, akatuuliza kama huyo naye ni mkusanyaji. Kijana akasema hapana, huyo ndiye anayejua. Akaongeza kwamba mzee amemwahidi miti mingine kumi na mmoja, ila anataka kwanza mvua ipungue, kwa sababu njia ya msituni ina utelezi na goti lake la kulia halimpi nafasi.